Ekari 5 chini ya milima ya Upare: muuzaji anauza ardhi, maji si yake

SWALI: Shikamoo mzee. Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi hapa Dodoma, nastaafu mwakani. Kuna kijana amenionyesha shamba la ekari 5 wilayani Same, chini ya milima ya Upare, si mbali sana na barabara kuu pale Makanya. Bei ni rahisi mno ukilinganisha na Lushoto au Moshi. Mfereji unapita pembeni ya shamba, na nilipokwenda mwezi wa 4 niliukuta una maji. Nataka kulima nyanya na vitunguu, nifuge na mbuzi kidogo. Wenzangu ofisini wananicheka, wanasema Same ni nyika ya tembo. Mwingine anasema Same ndiko kunakotoka tangawizi. Nani mkweli? Na je, ninunue?

JIBU: Marahaba, Mwalimu. Wote wawili ni wakweli. Aliyesema tangawizi alipanda mlima, aliyesema tembo alibaki barabarani. Taabu yako wewe ni kwamba shamba uliloonyeshwa haliko juu wala haliko chini kabisa, liko miguuni pa mlima, na hapo ndipo watu wengi wa nje huumia.

Nianze na wilaya yenyewe. Zamani Upare yote ilikuwa wilaya moja. Mwaka 1979 upande wa kaskazini ukakatwa ukawa Mwanga, kusini kukabaki Same. Ni wilaya kubwa, zaidi ya kilomita za mraba 5,000, lakini usidanganyike na ukubwa huo. Sehemu ya nyika upande wa mashariki na kaskazini ni Hifadhi ya Taifa ya Mkomazi, ambako huwezi kulima hata mchicha. Katikati umesimama mgongo wa milima ya Upare Kusini, na kilele chake ni Shengena, mita 2,463, ndani ya msitu wa Chome. Wanaobaki wanagawana vitu viwili: miteremko yenye mvua na isiyo na nafasi, na tambarare yenye nafasi na isiyo na mvua. Kule juu, Mamba Myamba, Vunta, Mbaga, Suji, utakuta migomba, kahawa na hiyo tangawizi, na mvua ya mwaka inaweza kupita milimita 1,000. Shuka kwa gari saa moja na nusu, ukifika Makanya umepoteza zaidi ya nusu ya mvua hiyo.

Sababu si laana. Upepo wenye unyevu unatoka Bahari ya Hindi, unagonga milima upande wa mashariki, unalazimika kupanda, unapoa na kumwaga mvua huko huko. Ukivuka kilele na kuteremkia magharibi umeshakauka. Same mjini, Makanya na Hedaru ziko upande huo wa mgongo. Wewe, Mwalimu, umeonyeshwa shamba nyuma ya mlima, na ukaonyeshwa mwezi wa 4, katikati ya masika. Mwezi wa 4 hata korongo la nyuma ya nyumba yangu lina maji.

Kosa hilo sikusimuliwa, nililifanya mwenyewe. Nilipopelekwa Upare nikiwa bwana shamba kijana, nilipima mfereji mmoja mwezi wa 5, nikafurahi, nikawachorea wakulima majaruba ya vitunguu yanayotosha ekari kadhaa. Mama mmoja akaniuliza kwa upole, "Baba, umepima maji ya Mungu au maji ya mfereji?" Sikumwelewa. Nilimwelewa mwezi wa 9, nilipokuta vitunguu vimelala kama majani ya chai, na mfereji una vumbi na nyayo za mbuzi. Kipimo changu kilikuwa sahihi, ila kilikuwa cha mwezi usiohusika.

Sasa tuingie kwenye kiini. Umeandika "mfereji unapita pembeni" kana kwamba ni bomba la serikali. Mfereji wa Upare una historia na una wenyewe. Juu yake, mahali mteremko unapoanza kulegea, kwa kawaida kuna ndiva. Ni bwawa dogo la kuchimbwa, limezungushiwa kingo za udongo na mawe, siku hizi mengi yamesakafiwa kwa saruji, na lina tundu moja la kutolea maji upande wa chini. Vijito vya milimani ni vidogo. Ukiviachia vitiririke moja kwa moja kwenye mfereji wa udongo, maji yananywewa njiani kabla hayajafika shambani. Kwa hiyo wazee waligundua dawa: usiku kucha tundu linazibwa, maji yanakusanyika, asubuhi linafunguliwa na maji yanatoka kwa nguvu, yanakimbia na kufika kwenye shamba la mwenye zamu. Ni akili kubwa sana, na ni ya tangu kabla ya Mjerumani.

Zamani ndiva ilikuwa mali ya ukoo ulioichimba. Leo nyingi zinaendeshwa na kamati ya watumiaji, lakini majina na kumbukumbu za nani babu yake alichimba wapi hazijafutika. Haki ya maji haikuletwa na shamba, ililetwa na jembe. Familia iliyoshiriki kuchimba, na inayoendelea kutokea kwenye msaragambo, ndiyo yenye zamu. Msaragambo ni kazi ya pamoja ya kijiji: kuzibua mfereji, kutoa tope kwenye ndiva, kurudishia ukingo uliobomoka baada ya mvua kubwa. Asiyetokea hutozwa faini, na asiyetokea wala kulipa, zamu yake inarukwa bila maneno mengi. Swali la kujiuliza kabla hata ya bei ni hili: siku msaragambo unapopigwa Jumanne asubuhi, nawe uko Dodoma unafuatilia mafao, ni nani atashika jembe kwa jina lako?

Tena mgawanyo hauko kati ya jirani na jirani tu, uko kati ya kijiji na kijiji. Kule kwenye bonde la Vudee, wa juu na wa chini wana makubaliano ya muda mrefu: wa juu wanachukua maji mchana, usiku wanayaachia yateremke yakajaze ndiva ya Manoo kwa ajili ya watu wa Bangalala. Yanafanya kazi, lakini wa juu wakiongeza mashamba, au ukame ukibana, usiku nao unaanza kuibwa. Anayeumia wa kwanza ni wa mwisho kwenye mfereji. Mfereji wako unaisha wapi, Mwalimu? Kama shamba lako ndilo la mwisho kabla ya nyika, bei yake rahisi imeshajieleza.

Wewe ni mwalimu, tupige hesabu. Milimita 1 ya maji kwenye hekta 1 ni lita 10,000. Ekari zako 5 ni hekta 2 kwa makadirio. Nyanya kwenye joto la Makanya, kwa kadirio la wastani, zitahitaji milimita 5 kwa siku, yaani lita 100,000 kila siku inayokucha. Sasa nenda kwenye kijito kinacholisha ndiva, kinga maji yote kwenye ndoo ya lita 20 na uangalie saa. Tuseme ndoo imejaa kwa karibu sekunde 7. Hiyo ni lita 3 kwa sekunde, na wakati wa kiangazi hicho si kijito cha kudharau. Ukizuia usiku kucha kwa saa 12, unapata lita 130,000 hivi. Toa yanayonywewa na mfereji wa udongo, na nusu nzima kupotea si ajabu. Zimebaki 65,000. Maana yake ni kwamba hata ndiva nzima ingekuwa yako peke yako, kila siku, bila jirani hata mmoja, isingetosheleza ekari zako 5 za nyanya. Na majirani wako kumi, ishirini, arobaini, kila mmoja na zamu yake.

Ndiyo maana mwenyeji hatumii ndiva kulima nyanya ekari 5. Anaitumia kuokoa mahindi. Mahindi ya vuli au masika yanaota vizuri, halafu mvua inakata wiki mbili au tatu wakati yanatoa mbelewele. Hapo ndipo zamu moja ya maji inaamua kama utavuna au utalisha ng'ombe mabua. Wenye bustani za mboga wana robo ekari au chini ya hapo, karibu na ndiva. Anayekwambia mfereji huo utakutajirisha kwa mboga mwaka mzima, ama hajui, ama ndiye anayeuza.

Upo ukulima mwingine huko chini kabisa ambao watu wa nje huwa hawauoni. Mto Makanya ukifika tambarare kwa kawaida hauna maji. Lakini mvua kubwa ikinyesha milimani, mafuriko yanateremka ghafla, rangi ya chai ya maziwa, na wakulima wa Makanya wanayakinga kwa matuta na kuyaingiza mashambani. Unaweza kukaa chini ya jua kali, wingu hulioni, na shamba lako linalowa kwa mvua iliyonyesha Vudee. Udongo ukishashiba mara moja au mbili, wanapanda mahindi na fiwi, jamii ya maharage, na wanavuna kwa unyevu huo. Ni ukulima wa bahati na wa mbio, maana mafuriko yakija usiku inabidi uamke na koleo. Mafuriko hayo hayo hula ardhi. Tembea kwenye mipaka ya shamba lako uangalie kama kuna korongo linalosogea. Kingo zenye mizizi inayoning'inia hewani maana yake korongo bado linakula. Na mto ukipakana nawe, mita 60 kutoka ukingoni hazilimwi, ndivyo Sheria ya Mazingira ya 2004 inavyosema. Kwenye ekari 5, hizo ni nyingi.

Angalia na udongo. Makanya kunachimbwa jasi, malori yanaipeleka viwanda vya saruji, na sehemu za tambarare zina chumvichumvi. Kiangazi ukiona ukungu mweupe juu ya ardhi kama unga uliomwagika, chukua sampuli upeleke ikapimwe. Kituo cha utafiti wa kilimo, TARI Mlingano kule Muheza, ndiyo kazi yao. Kumwagilia maji kidogo kidogo kwenye udongo wa namna hiyo kunaipandisha chumvi juu mwaka hadi mwaka. Vitunguu na maharage havitaki kabisa.

Utaambiwa pia, "Mwalimu usihofu, maji ya Nyumba ya Mungu yamefika." Ni kweli mradi wa maji wa Same, Mwanga na Korogwe unaochota kwenye bwawa hilo ulizinduliwa Machi 2025, na kwa watu waliokuwa wakinunua maji kwa dumu ni neema. Lakini hayo ni maji ya kunywa, yamesafishwa, yanapita kwenye mita. Ukimwagilia nyanya kwa maji hayo, bili itakula nyanya, na bei ya sokoni haitakuhurumia. Kuchimba kisima nako usikimbilie bila kupima. Miamba ya huko ni ya zamani na migumu, maji yanakaa kwenye nyufa, jirani anaweza kupata nawe mita 50 pembeni ukatoa vumbi.

Sasa karatasi. Hiyo ni ardhi ya kijiji, chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Na. 5 ya 1999. Karatasi yenye saini ya muuzaji, mashahidi wawili na muhuri wa kitongoji haikupi usingizi. Wewe si mkazi wa kijiji, kwa hiyo uhamisho lazima uridhiwe na halmashauri ya kijiji, kwa kikao chenye muhtasari ulioandikwa, nawe uuone. Uliza kama muuzaji ana hati ya hakimiliki ya kimila au shamba ni la ukoo na yeye ni mmoja wa watoto saba. Taka kuwaona hao wengine sita. Wachaga, watani wa Wapare, husema Mpare yuko tayari kuuza ng'ombe aendeshe kesi ya kuku. Ni utani, lakini mimi ninayeishi nao nakushauri usiwape sababu ya kuuza ng'ombe.

Na maji, kwa sheria yetu, hayauzwi pamoja na shamba. Maji ni mali ya umma. Anayetaka kuyachepusha kwa kilimo anahitaji kibali cha kutumia maji kutoka Bodi ya Maji ya Bonde la Pangani, ofisi zake ziko Moshi, au awe ndani ya jumuiya ya watumia maji yenye kibali. Kijana aliyekuonyesha mfereji amekuonyesha kitu kisicho chake. Mtu wa kuongea naye ni mwenyekiti wa kamati ya ndiva. Usimuulize "maji yapo?" maana atakujibu yapo. Muulize: zamu inazunguka baada ya siku ngapi mwezi wa 9? Mgeni akinunua, anapewa zamu ya muuzaji au anaanza upya? Faini ya msaragambo ni kiasi gani? Nani alikuwa wa mwisho kunyimwa maji, na kwa nini? Jibu la swali la mwisho litakufundisha kuliko barua hii yote.

Kuhusu tembo, wenzako hawakukosea sana. Vijiji vilivyo jirani na Mkomazi, hasa upande wa Kisiwani, vinavamiwa, na tembo hawachagui msimu, wanafuata harufu ya mahindi mabichi. Serikali hulipa kifuta jasho, na jina lenyewe linakwambia si fidia. Shamba lako liko upande wa pili wa milima, kwa hiyo mimi nisingeliacha kwa sababu ya tembo. Hofu yangu kubwa ingekuwa ng'ombe wa wafugaji wa tambarare wakati wa ukame. Ng'ombe mwenye kiu haheshimu mpaka wa shamba.

Unaweza kuniuliza, basi kwa nini nisiende huko kwenye maji, upande wa mashariki? Ndungu kuna skimu ya mpunga iliyojengwa kwa msaada wa Wajapani, na mpunga unastawi. Ila maeneo ya ndani ya skimu yana wenyewe, na ukipata la kukodi shukuru. Mamba Myamba kwenye tangawizi ndiko kugumu zaidi. Ardhi ni ya urithi, vipande vidogo, mteremko mkali hadi unapalilia umeshika kichaka kwa mkono mmoja. Novemba 2009 mvua kubwa iliporomosha mlima pale Goha na kufukia nyumba na watu zaidi ya 20 usiku mmoja. Tangu hapo nikiona tangawizi imepandwa kwenye mteremko usio na matuta wala miti, mwili unanisisimka. Bei ya tangawizi nayo hupanda mwaka huu, mwakani unaombwa uikope. Si kilimo cha kuanzia ukiwa na miaka 60 na magoti ya ubaoni.

Umesema mbuzi kidogo. Mimi ningegeuza: mbuzi wengi, mboga kidogo. Tambarare ya Same imeumbwa kwa mbuzi. Migunga inatoa matunda wakati nyasi zimekwisha, na barabara kuu iko karibu, kwa hiyo wanunuzi wanakufuata. Ekari 3 uziache malisho, uzungushie minyaa, ukate na kukausha majani ya masika uyahifadhi kwa mwezi wa 9 na wa 10. Ekari moja mtama, choroko au fiwi. Robo ekari ya mboga karibu na mfereji, kwa zamu utakayopewa, na tanki la kuvuna maji ya paa. Hivyo ekari 5 zinaleta maana, na bei uliyotajiwa inaweza kuwa ya haki.

Lakini usinunue bado. Kodi ekari moja kwa misimu miwili, vuli na masika, hapo hapo pembeni ya mfereji huo huo. Utajulikana, utapigwa jua, utaona mwaka mzima wa maji, na kijiji nacho kitakuona. Muuzaji akikataa na kusema kuna mteja mwingine anakuja kesho na fedha taslimu, mwache huyo mteja aje.

Ukienda tena, nenda mwisho wa mwezi wa 9 au mwanzo wa wa 10, kabla vuli haijaanza. Shuka Makanya, chukua bodaboda hadi shambani, halafu achana na bodaboda. Ufuate mfereji kwa miguu, kwenda juu, mpaka kwenye ndiva, na kutoka ndiva mpaka kwenye kijito. Beba ndoo na saa. Viatu viwe vya kufunga, njia ina miiba. Kama utapandisha hadi milimani kuonana na wazee, usiende Jumamosi. Wasabato wapo Upare tangu 1903, na sehemu kama Suji siku hiyo watu wako kanisani, hakuna wa kuzungumza naye shamba. Ukikuta watu wanazibua mfereji siku utakayokwenda, vua koti, omba jembe, usijitambulishe kwanza. Kufika saa 6 mchana, mkikaa chini kula makande, utakuwa umeshaambiwa shamba hilo ni la nani na limeuzwa mara ngapi.